Kando ya Jukwaa: Sanaa ya Kupiga Picha za Wanamuziki

 

Nia ya mhadhara huu ni kueleza kwa nini picha za wanamuziki zinazopigwa ni nyingi mno, ilhali zinazodumu ni chache. Picha ya tukio hutuambia kwamba bendi fulani ilipiga mahali fulani usiku fulani. Picha ya sura humweka mtu mbele yetu, nasi tukamjua hata kama hatujawahi kuusikia wimbo wake. Dai litakalotetewa hapa ni kwamba picha ya namna hii kwa kawaida haipatikani onyesho likiwa limepamba moto. Hupatikana kando ya jukwaa, kwa mtu aliyeruhusiwa kuwapo, tena kwa fedha ya mtu aliyekubali kuilipia. Hoja ni sita. Mifano mingi itatoka mbali, kwa sababu huko picha zilitunzwa na visa vyake vinajulikana. Lakini swali lenyewe ni la hapa kwetu.

Hoja ya kwanza: picha huanza mazoezini

Mwaka 1939 Francis Wolff, Myahudi mzaliwa wa Berlin, alifika New York akiikimbia Ujerumani ya Hitler. Rafiki yake wa ujanani, Alfred Lion, alikuwa ameanzisha mwaka huohuo kampuni ndogo ya santuri za jazz iliyoitwa Blue Note. Wolff, aliyekuwa mpiga picha kwa fani, akawa mshirika wake. Kwa zaidi ya miongo miwili alihudhuria vikao vya kurekodi akiwa na kamera mkononi.

Hadi mwaka 1959 vikao vingi vilifanyika Hackensack, New Jersey, katika sebule ya wazazi wa fundi wa sauti Rudy Van Gelder. Fikirini hali hiyo: wapiga saksafoni, tarumbeta, ngoma na besi wamebanana sebuleni, na mwenye kamera ni mmoja wa wenye kampuni. Hakuna wa kumwambia atoke. Isitoshe, Blue Note iliwalipa wanamuziki hata kwa mazoezi ya kabla ya kurekodi, jambo ambalo halikuwa la kawaida. Kwa hiyo walimzoea, na mtu aliyekuzoea haiweki sura yake sawa kila unapoinua kamera.

Jalada la *Blue Train* ya John Coltrane, iliyorekodiwa Septemba 1957, ni tunda la mazoea hayo. Coltrane hapulizi chochote. Saksafoni inaning'inia shingoni, mkono mmoja umeshika kisogo, vidole vya mkono mwingine viko mdomoni. Anawaza. Msanifu Reid Miles aliikata picha hiyo na kuitia rangi ya buluu, na mpaka leo, Coltrane akitajwa, wengi humwona katika hali hiyo ya kuwaza.

Kuna waliofaulu onyesho likiendelea, na ni haki kuwataja. William Gottlieb alikuwa mwandishi wa safu ya jazz katika gazeti la Washington Post. Gazeti halikutaka kumlipia mpiga picha, naye akajinunulia kamera nzito ya wanahabari na kujifunza mwenyewe. Balbu za flashi wakati huo ziliungua mara moja tu na kutupwa, na zilikuwa ghali, hivyo usiku mzima alipiga picha chache sana. Mwaka 1947, katika klabu ya Downbeat mjini New York, alimpiga picha Billie Holiday akiwa ameinua kichwa, mdomo wazi, macho karibu kufumba. Aliweza kwa sababu alizijua nyimbo: alijua mwimbaji atafika wapi kabla hajafika. Kijana mwenye kamera inayotoa picha ishirini kwa sekunde anaweza kuikosa hiyo moja ikiwa wimbo wenyewe haujui.

Hoja ya pili: kila taa iwe na kazi

Mwaka 1948 kijana Herman Leonard, aliyewahi kuwa mwanafunzi wa mpiga picha mashuhuri Yousuf Karsh kule Ottawa, alikuwa akiingia katika vilabu vya New York kwa mapatano rahisi: wenye vilabu wamruhusu wakati wa mazoezi, naye awape picha za kutangazia maonyesho yao. Katika klabu ya Royal Roost alimpiga picha Dexter Gordon, mpiga saksafoni mrefu wa mwili, akiwa ameketi, ala mapajani, sigara mkononi, moshi umepanda na kujikunja juu ya kofia yake.

Taa zilikuwa mbili. Moja ilikuwa upande wa mbele, nyingine nyuma ya mwanamuziki, na hiyo ya nyuma ndiyo iliyofanya kazi kubwa. Moshi ukimulikwa kutoka mbele hupotea. Ukimulikwa kutoka nyuma, na ukuta uwe mweusi, kila uzi wake unawaka. Yeyote mwenye taa mbili na chumba chenye giza anaweza kulijaribu jambo hili kesho.

Lakini moshi ule umeigwa hadi umekuwa ugonjwa. Bi Kidude wetu, mwimbaji wa taarab aliyefariki tarehe 17 Aprili 2013, anajulikana duniani zaidi kwa picha za uzeeni, na sigara haikosi katika baadhi ya zile maarufu. Alivuta, ni kweli. Alipiga ngoma pia, alifundisha wasichana unyago, na aliimba nyimbo za Siti binti Saad, mwimbaji wa taarab aliyemtangulia. Ni wajibu wa mpiga picha kujiuliza kama moshi ule umetoka kwa mtu aliye mbele yake au kwa picha aliyoiona zamani.

Hapa kwetu tatizo kubwa la mwanga ni jingine. Mchukulieni mpiga ganuni aliyevaa kanzu nyeupe. Kipimo cha mwanga ndani ya kamera hutaka kila kitu kiwe cha wastani. Kikiiona kanzu imejaa pichani, hudhani mwanga umezidi, hivyo huupunguza. Kanzu inatoka ya kijivu na uso wa mzee unakuwa kivuli. Wapiga picha mlioko nyuma mnacheka, maana yamewakuta. Dawa yake ni kupima mwanga usoni, kisha kumgeuza mzee kidogo kuelekea mlangoni au dirishani ili kanzu isichukue mwanga wote.

Filamu zenyewe hazikutengenezwa zikitufikiria sisi. Kwa miaka mingi maabara zilirekebisha rangi kwa kadi za Kodak zilizoitwa kadi za Shirley, zenye picha ya mwanamke Mzungu. Ngozi yake ndiyo iliyokuwa kipimo, na ngozi nyeusi ikatoka kama ilivyotoka. Mafundi wetu wa studio walijifunza kurekebisha kwa macho na kwa uzoefu, na maarifa hayo hayajaandikwa popote. Waliobaki wahojiwe wangali hai.

Hoja ya tatu: ala ni kiungo cha mwili

Mpe mwanamuziki gitaa, mwambie atabasamu: hiyo ni picha ya tangazo. Walioitafuta sura walilifikiria zaidi suala la ala, na majibu yao yalitofautiana.

Arnold Newman alitumwa na jarida la Harper's Bazaar mwaka 1946 kumpiga picha mtunzi Igor Stravinsky. Alimweka kwenye kona ya chini ya picha, kiwiko juu ya piano, kichwa kimeegemea mkono. Sehemu kubwa iliyobaki ilichukuliwa na kifuniko cha piano kilichoinuliwa, cheusi, chenye umbo linalokaribia alama ya muziki iliyoandikwa. Picha tunayoijua ni kipande tu cha negativu nzima. Mengine yote Newman aliyakata. Jarida liliikataa. Leo ni miongoni mwa picha za sura zinazojulikana zaidi za karne iliyopita.

Karsh alikwenda mbali zaidi. Mwaka 1954 alimfuata mpiga selo Pablo Casals katika mji wa Prades, kusini mwa Ufaransa. Casals alikuwa ameihama Hispania kwa sababu ya utawala wa Jenerali Franco (si yule wetu wa OK Jazz, wasikilizaji). Katika abasia ya kale ya Saint-Michel-de-Cuxa mzee aliketi akaanza kupiga, na Karsh akampiga picha kwa nyuma. Tunaona mgongo, kipara, ukuta wa mawe na dirisha dogo lililo juu. Sura haipo, lakini aliyepo ni Casals na si mtu mwingine. Karsh alisimulia kuwa picha hiyo ilipokuwa kwenye maonyesho huko Boston, mzee mmoja alikuja siku baada ya siku akasimama mbele yake. Mtunza jumba alipomwuliza sababu, alimkemea anyamaze, kwani alikuwa akiusikiliza muziki.

Mfano wa tatu una undugu nasi. Padri Trevor Huddleston, ambaye baadaye alikuwa Askofu wa Masasi kuanzia 1960 hadi 1968, aliwaanzishia bendi wanafunzi wa shule ya St Peter's mjini Johannesburg. Baada ya kuondoka Afrika Kusini alikutana na Louis Armstrong na kumweleza habari zao, na mwaka 1956 Armstrong akawatumia tarumbeta. Mmoja wa vijana hao alikuwa Hugh Masekela. Alf Kumalo alimpiga picha akiruka kwa furaha na tarumbeta hiyo. Hakuna noti iliyopulizwa katika picha ile, na hakuna picha ya Masekela inayoeleza mwanzo wake vizuri zaidi.

Kwa anayetaka ya kufanyia kazi, haya hapa. Maikrofoni hufunika mdomo wa mwimbaji. Ngoja pale anapoisogeza ili avute pumzi. Mpiga udi huinamia ala yake, na mpiga ganuni hutazama chini kwenye nyuzi. Piga magoti au kaa mkekani, lenzi iwe chini ya macho yao. Mpiga fidla mtafute upande wa mkono wa upinde, vinginevyo ala itamkata uso. Na mkung'uta ngoma mwache avue saa: hataki kukwambia kwamba inamsumbua.

Hoja ya nne: mahali na watu wake

Tarehe 12 Agosti 1958, saa nne asubuhi, wanamuziki wa jazz walianza kukusanyika mbele ya nyumba namba 17, Mtaa wa 126 Mashariki, Harlem. Art Kane, msanifu wa majarida ambaye hakuwa na uzoefu mkubwa wa kupiga picha, alikuwa amelishauri jarida la Esquire liwaite wote waliopo mjini. Wengi walidhani hatokei mtu. Mzaha uliobaki ni kwamba kuna waliokuwa hawajui kama siku moja ina saa nne mbili.

Walitokea 57. Hawakuwa na jukwaa wala taa, na karibu wote hawakuwa na ala. Thelonious Monk alichelewa kwa kuchagua nguo: alivaa koti la rangi nyepesi ili aonekane, akajisogeza karibu na Mary Lou Williams na Marian McPartland. Dizzy Gillespie alimfanya Roy Eldridge ageuke kamera ikilia. Count Basie alichoka kusimama, akaketi ukingoni mwa barabara, na watoto wa mtaani wakajipanga kando yake. Kane hakuwafukuza. Picha ilipotoka katika toleo la Januari 1959, wale watoto walikuwa ndani yake, na Harlem yenyewe ikawa ndani yake pamoja nao.

Kinshasa, wakati huo ikiitwa Léopoldville, Jean Depara mzaliwa wa Angola alifanya kazi katika mazingira mengine kabisa: baa, dansi, magari, vijana watanashati, usiku na flashi. Mwaka 1954 mwanamuziki Franco Luambo alimwomba awe mpiga picha wake rasmi. Bendi yake, OK Jazz, ilianzishwa miaka miwili baadaye. Kwa hiyo muziki ambao sisi huku tuliupokea kwa redio na santuri una sura ya mji uliouzaa, na anayetazama picha za Depara anaelewa ile rumba ilichezwa na watu gani.

Mahali pana sheria pia. Mwaka 1952 Jürgen Schadeberg wa jarida la Drum alimpiga picha mwimbaji Dolly Rathebe akiwa na vazi la kuogelea juu ya kilima cha mchanga wa mgodi, Johannesburg. Polisi wakawakamata wote wawili, wakiwashuku kuvunja sheria iliyokataza mapenzi kati ya Weupe na Weusi. Waliokuwa wakifanya kazi ya jarida waligeuzwa washukiwa kwa rangi zao.

Hoja ya tano: anayelipa ndiye anayeacha kumbukumbu

Hapa ndipo penye uchungu. Kwa nini jazz ya Marekani ina sura nyingi, na dansi letu lina chache?

Jibu moja ni jalada. Santuri kubwa za Blue Note zilikuwa na upana wa inchi 12, na kila moja ilihitaji picha. Kampuni ililipa kwa sababu ilikuwa ikiuza. Muziki wa Afrika Mashariki katika miaka ya 1960 na 1970 ulisambaa zaidi kwa santuri ndogo za nyimbo mbili, na nyingi ziliuzwa katika bahasha ya karatasi yenye nembo ya kampuni tu. Tanzania Bara hali ilikuwa kali zaidi: bendi zilirekodi Radio Tanzania Dar es Salaam, kanda ikahifadhiwa kwa ajili ya matangazo, na kanda ya redio haina jalada. Sauti za Mbaraka Mwinshehe na Salum Abdallah ziliingia kila nyumba. Hakuna aliyekuwa na sababu ya kibiashara ya kuwatuma wapiga picha wakae nao siku nzima.

Wapiga picha hawakukosekana. Mji Mkongwe wa Unguja, Ranchhod Oza alifungua Capital Art Studio mwaka 1930, na miji ya pwani ilikuwa na studio hodari kabla na baada yake. Lakini studio hula kwa mteja anayejilipia: bwana harusi, mwenye kutaka pasipoti, familia ya Idi. Mwanamuziki aliingia studio kama mteja mwingine yeyote, akasimama mbele ya pazia, akaondoka na nakala zake.

Siti binti Saad alikwenda Bombay mwaka 1928 kurekodi, na sauti yake ikaenea pwani nzima. Shaaban Robert akamwandikia wasifu. Leo tunamjua kwa kalamu kuliko kwa kamera.

Hoja ya sita: kutunza ni nusu ya sanaa

Mwaka 2005 kimbunga Katrina kiliipiga New Orleans, na nyumba ya Herman Leonard ikaingia maji. Nakala zipatazo 8,000 alizozisafisha kwa mkono wake ziliharibika. Negativu zilinusurika kwa kuwa zilikuwa zimehamishiwa katika hifadhi ya jumba la makumbusho mjini humo. Ndiyo maana moshi wa Dexter Gordon tungali nao. Gottlieb naye alipeleka kazi zake katika Maktaba ya Bunge ya Marekani, na tangu Februari 2010 picha hizo ni mali ya umma: mwanafunzi wa Mtwara anaweza kumtumia Billie Holiday bila kumlipa mtu.

Kwetu hakuhitajiki kimbunga. Filamu ya asetati ikikaa kwenye joto na unyevunyevu huanza kuoza yenyewe. Utaijua kwa pua: ukifungua boksi unapigwa na harufu ya siki. Baada ya hapo filamu hujikunja, husinyaa, na tabaka la picha hubanduka. Tena ugonjwa huo huambukiza maboksi ya jirani. Pwani yetu ina joto na unyevu mwaka mzima. Studio inapofungwa na mwenye duka mpya anataka nafasi, maboksi hayo ndiyo ya kwanza kutupwa.

Tutokapo hapa

Mabibi na mabwana, mambo yanayowezekana bila kungoja mfadhili ni haya. Kila bendi na kila kikundi cha taarab kimruhusu mpiga picha mmoja kijana kuhudhuria mazoezi, miezi kadhaa mfululizo, bila kumdai picha kila wiki. Wahariri waache kuagiza picha za jukwaani peke yake. Vyuo vyenye mafunzo ya habari viwapeleke wanafunzi kwa mafundi wa zamani wa studio wakawarekodi. Wasanii wa kizazi kipya, ambao leo wanalipia picha nzuri kwa ajili ya simu, wadai mafaili kamili kutoka kwa wapiga picha wao na kuyaweka mahali pawili, kwani simu ikiibwa na akaunti ikafungwa, muongo mzima wa sura unaondoka nayo. Na makumbusho zetu zipokee maboksi ya negativu kama zinavyopokea vyungu na majambia: ziyasafishe, ziyaweke penye ubaridi na ukavu, ziyaskani.

Kwa kila aliyemo ukumbini ombi ni dogo. Mwenye picha ya mwanamuziki nyumbani, awe babu yake, shangazi yake au jirani yake, ageuze nyuma na aandike kwa penseli laini jina, ala, mahali na mwaka, kabla mtu wa mwisho anayeyajua hayo hajaondoka. Kisha ailete ikaskaniwe. Meza ipo pale mlangoni, karatasi na penseli zipo.